Mifagio ya Jinamizi la Reli

Mfagio wa Elbert Tackett ulidumu miaka minne. Ungeweza kufagia nao jiko, ghala, ngazi za kanisa na, ukiudhiwa sana, mgongo wa mume, na bado usipukutike hata unyasi mmoja. Sisi wa Corley, Oklahoma, tulilijua hilo, kama tulivyojua pia mahali alikojifunzia ufundi wake. Alijifunzia jela, kule Kansas, alikofunga mifagio miaka kumi na mmoja kwa kosa la kuteka treni. Mgeni akiuliza, hatukumficha. Tulisema, "Huyo? Ndiyo, aliteka treni. Muulize alipata nini," kisha tukakaa mkao wa kucheka.

Alipata meno.

Ilikuwa mwaka 1897. Ukame ulikuwa umeua mtama wa mifagio misimu miwili mfululizo, na Elbert, kijana wa miaka ishirini na mitatu asiye na mbele wala nyuma, alianza kusikiliza hadithi za watu waliotajirika kwa asubuhi moja. Akaazima nyumbu wa jirani, jike aliyeitwa Deborah, akachukua bastola ya marehemu babu yake, na gagulo jekundu la dada yake. Saa nne asubuhi alisimama katikati ya reli, maili nne magharibi ya mji, akilipunga lile gagulo. Treni ikasimama. Dereva alidhani daraja limevunjika, akatoa kichwa nje akamshukuru.

Shukrani zilimvuruga. Alipochomoa bastola ikamponyoka, ikabingirika chini ya behewa, na macho ya Elbert, ambaye wakati huo hakuwa na miwani, hayakuona umbali huo. Gadi wa treni, mtu mwenye adabu zake, aliinama, akaiokota, akaifuta vumbi kwa leso.

"Hii hapa, bwana."

"Asante sana," alisema Elbert. Halafu akakumbuka kilichomleta. "Mikono juu."

Ndani ya behewa kulikuwa na kinanda cha kanisa, makreti kumi na moja ya vifaranga, na sanduku dogo lililopigwa lakiri. Akachukua sanduku. Hakufika hata nusu maili, Deborah akaketi chini. Mwenye kujua nyumbu hahitaji kuelezwa zaidi. Gadi na dereva walikuja kwa miguu, bila haraka, wakamkuta anavuta kamba huku machozi ya hasira yakimtoka. Wakafungua sanduku wote watatu pamoja. Lilikuwa na seti thelathini na mbili za meno ya bandia, zinapelekwa kwa daktari wa meno wa Guthrie.

Lakini behewa lile lilibeba pia barua, na barua ni mali ya serikali kuu, kwa hiyo hakimu akampa miaka kumi na mmoja. Inasemekana mahakama nzima ilicheka isipokuwa hakimu na Elbert.

Alirudi Corley mwaka 1908, na miwani, na ufundi. Miaka sita alifunga mifagio barazani kwake, mpole, nadhifu, mtu wa kusalimia mbwa kwa majina yao. Na katika wateja wake wote hakuna aliyemaliza mifagio kama Almeda Fitch, stesheni masta wetu.

Almeda alikuwa mwanamke mrefu wa maneno machache. Kiti cha stesheni kilikuwa cha mumewe, Harve. Mwezi Machi mwaka 1903, mchana kweupe, mtu asiyejulikana alimpiga Harve risasi pale dirishani pa tiketi kwa ajili ya kisanduku cha fedha, akapanda farasi, akapotea mpaka leo. Shirika la reli lilipoleta mtu wa kushika nafasi yake, lilimkuta Almeda ameshakaa, anapokea simu za maandishi, na hakuna aliyekuwa na ubavu wa kumwinua. Vumbi la nchi yetu mnalijua. Alifagia jukwaa la stesheni mara mbili kwa siku.

Siku moja alimrudishia Elbert mfagio. "Unapukutika," alisema.

Elbert alijua hakuna mfagio wake unaopukutika. Lakini aliukagua unyasi kwa unyasi, akaurudisha stesheni mwenyewe, akapewa kahawa. Mwezi uliofuata ukapukutika tena. Walipofika mara ya nne kila mmoja alijua mwenzake anajua. Elbert alimsimulia kila kitu, pamoja na meno. Almeda naye alimsimulia jambo ambalo hakuwahi kumwambia mtu. Alimwambia kwamba Harve alikuwa akichomeka penseli mbili, moja kila sikio, moja yake na ya pili ya Almeda, kwa kuwa Almeda alikuwa mtu wa kupoteza penseli. Siku ile alipomkimbilia, zote mbili zilikuwa bado masikioni.

Majira ya kuchipua ya mwaka 1914, Elbert alipiga moyo konde akaomba kumwoa.

"Nitakujibu mtama wa mifagio ukishavunwa," alisema Almeda, akaenda kuipungia bendera treni ya mizigo. Mavuno yalikuwa Agosti. Elbert akaanza kuupenda mwezi wa Agosti.

Juni wakaja watu wa sinema. Mkubwa wao alikuwa Bwana Lucius Penhallow, mfupi, buti za kung'aa, sauti ya mnadani. Alikuwa amesikia kwamba Corley kuna jambazi halisi aliye hai, tena amefungwa kwa kosa halisi, na siku hizo jambazi wa namna hiyo alikuwa lulu. Akamkodi Elbert aigize wizi wake mwenyewe palepale alipoufanya.

Walikwenda wao tu, maili nne magharibi, na injini ya kukodi. Penhallow alimwambia Elbert, "Fanya vilevile ulivyofanya," na Elbert ni mtu asiyejua kusema uwongo. Akafanya vilevile. Gagulo likanasa kwenye mwiba. Bastola ikamponyoka. Mwigizaji aliyekuwa gadi, bila kuambiwa, akainama akamwokotea. Hata nyumbu waliyemkodi, ambaye hakuwa na undugu wowote na Deborah, alifika palepale akaketi.

"Basi! Basi!" Penhallow alikuwa amevua kofia anaikanyaga. "Ndugu yangu, ndivyo ulivyoteka treni?"

"Ndivyo, bwana. Ila zamani nililia kidogo."

Aliyecheka mpaka akaishikilia kamera isianguke alikuwa mpiga picha wao, Mcheki mmoja mwenye masharubu makubwa, jina lake Hruby. Penhallow hakucheka. Akaamuru vile vipande vikatwe vitupwe. Jioni, wakila, alimuuliza Elbert habari za mji, na Elbert, kwa furaha ya mtu ambaye hajawahi kusikilizwa na mtu mwenye daftari, akamwaga yote: ukame, reli, na jinsi anavyongoja jibu la Bi Almeda, ambaye marehemu mumewe, alisema, alikuwa akichomeka penseli mbili. Penhallow akaandika. Kesho yake wakaondoka kwenda kumalizia sinema huko walikotoka, wakimweka mahali pa Elbert kijana mzuri wa sura aliyejua kupanda farasi mweupe.

Mwisho wa Julai wakarudi nayo. Iliitwa *Jinamizi la Reli*.

Sasa, wakati ule sinema ya majambazi haikuonyeshwa hivihivi. Wachungaji wangekuja juu. Desturi ilikuwa jambazi mwenyewe asimame kwanza mbele ya shuka nyeupe ya kuonyeshea picha, avue kofia, awaambie watu kwamba wizi ni mbaya na yeye ametubu, kisha akae pembeni, watu wamtazame akiiba saa nzima. Elbert alivishwa koti jeusi na kofia pana. Ukumbi wa shule ulijaa saa nane mchana, madirisha yamezibwa kwa mablanketi ya mji mzima. Almeda alikaa mstari wa pili, na kofia yake ya kazi, kwani kulikuwa na treni saa kumi.

Elbert akatubu vizuri. Taa ikazimwa.

Kwenye shuka yule kijana mzuri aliteka treni tatu. Hakuna bastola iliyomponyoka. Aliua watu watano bila haraka, na kila mmoja alianguka kwa madaha. Watu wakapiga kelele, na Elbert, gizani pembeni, aliona kitu ambacho hakuwahi kukiona maishani mwake: watu wa Corley wakimgeukia na macho ya kumwogopa. Nisiseme uwongo. Alikipenda. Miaka kumi na saba alikuwa mtu wa meno.

Halafu ikaja stesheni, na dirisha la tiketi, na nyuma yake mwanamume ameinamia kazi yake, na penseli mbili masikioni.

Almeda alisimama kabla risasi haijapigwa. Alipita mbele ya mashine ya sinema, kivuli chake kikaenea shuka nzima, akaelekea mlangoni. Kivuli kilipoondoka, mtu wa sita alikuwa ameshaanguka, na yule kijana mzuri alikuwa anapuliza moshi wa bastola. Ukumbi ukalipuka kwa makofi. Taa ilipowashwa wote walikuwa wamesimama wakimtazama Elbert. Na Elbert, mdomo wazi, moyo umemwanguka, akafanya alivyofundishwa. Akavua kofia, akainama.

Wiki ile mji ulipatwa na wazimu, na simtoi mtu, maana na sisi tulikuwemo. Mifagio yote iliyokuwa barazani kwa Elbert ilinunuliwa siku mbili. Alifurahi, mpaka alipopita nyumba hadi nyumba akaona imetundikwa ukutani, juu ya meko, penye bunduki na picha za mababu. Hakuna aliyefagia.

"Bwana Quill," alimwambia mhunzi, Dorsey Quill, "ule ni mfagio."

"Najua. Umefungwa kwa mikono iliyoua watu sita."

"Mikono hii haijaua mtu!"

Quill akamkonyeza. "Sisemi kwa mtu, Elbert. Midomo yetu imefungwa."

Mbaya zaidi ilikuwa msamaha. Bi Rausch, jirani yake, alikuja na pai ya pichi, akamshika mkono wake kwa mikono yake miwili, machozi yakimlengalenga.

"Nimeomba sana usiku kucha, Elbert. Nimekusamehe kwa ajili ya Harve."

"Bi Rausch! Harve aliuawa mwaka 1903. Mwaka huo mimi nilikuwa jela!"

"Ndiyo, mwanangu. Jela ya moyo."

"Jela ya Kansas! Wewe mwenyewe uliniletea soksi!"

"Kula pai," alisema Bi Rausch kwa upole.

Watu waliokwenda kwenye maziko ya Harve, waliosimama mvuani, wakamwona mjane wake, sasa walikuwa wanakumbuka sinema. Kinyozi akakataa malipo. Wanaume wakawa wanamvulia kofia njiani. Penhallow akaja na maneno matamu: wazunguke na sinema mji kwa mji mpaka Chicago, Elbert asimame, atubu, avute sigara kubwa. Na Elbert, namjua, alilala akilifikiria hilo koti jeusi.

Asubuhi alipofungua mlango alikuta mfagio umeegemezwa ukutani. Ulikuwa wa stesheni. Haukuwa na ujumbe, na haukuwa unapukutika.

Akavaa kofia yake ya kawaida akaenda. Almeda alikuwa nyuma ya dirisha, anaandika.

"Almeda."

"Tiketi ya wapi?"

"Sikuja kwa tiketi."

"Hili ni dirisha la tiketi."

"Haya, nipe ya Guthrie."

"Ya kwenda tu, au kwenda na kurudi?"

Elbert akaweka mikono yake kwenye ubao wa dirisha. "Hilo utaliamua wewe."

Almeda akaweka kalamu chini. "Nani alimwambia yule bwana habari ya penseli?"

Angeweza kusema mji mzima. Angeweza kusema hajui. "Mimi," alisema.

"Nilikuambia wewe peke yako."

"Najua."

"Na walipopiga makofi, ulifanya nini? Nilikuwa mlangoni, niligeuka nikaona."

"Niliinama."

"Uliinama." Akalirudia neno hilo kama mtu anayepima nyama. "Harve alipokufa mara ya kwanza nilikuwa chumba cha pili, nikasikia tu. Mara ya pili nimekaa mstari wa pili, watu wanatafuna karanga. Sasa mji wote unamjua aliyemuua. Nikiolewa na wewe, watanipigia makofi na mimi. Watalia kwa furaha. Watauliza lini inatengenezwa sinema."

"Almeda, mimi sikumwua."

"Ungekuwa umemwua ningejua la kukufanya." Akaichukua tena kalamu. "Jumamosi inaonyeshwa tena. Sema ukweli palepale uliposimama, mpaka wausikie. Usipoweza, nenda na Penhallow ukauze hofu. Mimi mifagio nitaagiza kwa posta."

Hilo la posta lilimchoma kuliko yote.

Ijumaa alimtafuta Hruby, akamkuta nyuma ya shule anapaka mashine mafuta.

"Bwana Hruby, vile vipande vyangu, vya siku ya kwanza. Vilitupwa?"

Mcheki akatazama kulia na kushoto. Akafungua sanduku lake la nguo, akafunua mashati, na chini ya mashati kulikuwa na kopo la bati. "Bosi alisema tupa. Mimi nimepiga picha miaka tisa. Farasi, farasi, farasi. Hiki ndicho kitu kizuri pekee nilichopiga. Nikiwa na huzuni nakitazama."

"Kesho nataka watu wakione."

"Watakucheka, bwana."

"Ndiyo."

"Sana. Hawataacha mpaka ufe."

"Wamenicheka miaka kumi na saba," alisema Elbert. "Nimezoea. Nilizoea vibaya wiki hii tu."

Jumamosi ukumbi ulijaa kupita mara ya kwanza. Walikuja hata watu wa kaunti ya jirani, na magari yao ya farasi, na vyakula vyao. Almeda alisimama mlangoni, hakukaa. Elbert alitoka mbele ya shuka bila koti jeusi. Alivaa aproni yake ya kazi na miwani.

"Jamani," alisema, "mimi sijaua mtu. Sikuwahi kupanda farasi mweupe. Niliteka treni moja, bastola ikaniponyoka, gadi akaniokotea. Niliiba meno."

Halafu mtu mmoja nyuma akasema, "Tazama unyenyekevu wa mtu mkubwa!" na makofi yakaanza.

"Si unyenyekevu! Ni meno! Seti thelathini na mbili!"

Wakapiga makofi zaidi. Bi Rausch alikuwa analia. Penhallow, kando ya mlango, alimwinulia kidole gumba, maana aliona biashara inazidi kunoga. Elbert akaangalia juu ya vichwa vyote, akamwona Almeda, mikono amefunga kifuani, anangoja.

"Zima taa, Hruby," alisema.

Kwenye shuka akatokea Elbert Tackett. Hakuwa kijana mzuri wa sura. Alikuwa Elbert mwenyewe, miguu yake ya matege, na gagulo. Akalipunga. Likanasa. Akalivuta, likachanika, akabaki na nusu, akapunga nusu. Watu hawakujua wafanye nini na nyuso zao. Akachomoa bastola, ikaruka kama samaki. Akapiga magoti akaanza kupapasa ardhi, mbali kabisa na mahali ilipoangukia. Yule gadi akainama, akamletea, na midomo ya Elbert, kila mtu aliisoma bila maandishi, ikasema: *Asante sana.*

Aliyeanza alikuwa Quill. Kicheko chake kilitoka kama mlango wa ghala unaofunguliwa kwa nguvu. Nyumbu alipoketi, ukumbi mzima ukaenda. Watu waliangukiana mapajani. Kwenye shuka Elbert alivuta kamba, akasukuma kwa bega, akabembeleza kwa tufaha, akala tufaha mwenyewe, na mwisho, akiwa amekata tamaa, akaketi chini kando ya nyumbu, wakatazama upande mmoja wawili hao, na akamkuna sikio. Penhallow alikuwa anapiga mayowe, "Zima! Zima hiyo!" lakini nani amsikie. Watu wa nyuma walicheka wakiegemea madirisha mpaka blanketi likaanguka, likavuta la pili.

Jua la saa tisa likaingia lote. Picha ikafutika kwenye shuka, na mbele yake akabaki Elbert, na aproni yake, amesimama kwenye mwanga.

Hakungoja wanyamaze. Aliongea, wakanyamaza wenyewe.

"Huyo ndiye mimi. Sasa nisikilizeni. Harve Fitch aliuawa Machi mwaka 1903, hapo stesheni, na mtu ambaye hakukamatwa. Mimi nilikuwa Kansas nafunga mifagio. Sinema ilimchukua Harve ikamfanya mtu wa kuanguka. Habari ya penseli niliitoa mimi. Haikuwa yangu kuitoa. Na mlipopiga makofi, niliinama." Akamgeukia Almeda kule mlangoni. "Nisamehe kwa hilo, Bi Fitch. Nyinyi wengine mmenisamehe lisilo langu. Pelekeni huo msamaha mahali pengine."

Hakuna aliyetafuna. Dorsey Quill alisimama polepole, kofia mkononi, uso umemshuka.

"Nilibeba jeneza," alisema. "Upande wa kushoto, mbele. Kulikuwa na mvua, nikateleza." Akatazama huku na huku kama anayetafuta kitu alichokuwa nacho sasa hivi. "Nimesahauje? Jamani, nimesahauje?"

Wanaume wakavua kofia mmoja baada ya mwingine, na safari hii hawakumvulia Elbert. Elbert alitazama mlangoni. Treni ya saa kumi ilikuwa inapiga king'ora mbali, na Almeda alikuwa ameshaondoka kwenda kuipokea.

Penhallow aliondoka na treni hiyohiyo, na sinema yake, bila Hruby, ambaye leo ana duka la picha mjini kwetu na anapiga harusi. Elbert alichekwa wiki mbili mfululizo. Watoto walimwonyesha meno njiani. Lakini aligundua kwamba mifagio imeshuka ukutani. Asubuhi ukipita ungesikia mji mzima unafagia, na Bi Rausch alikuja kulalamika kwamba wake ni mrefu mno.

Stesheni hakwenda. Aliona si haki yake kwenda. Akavuna mtama wake, akaukausha, akauchambua, na Agosti ikafika ishirini na tano, ishirini na sita. Tarehe ishirini na saba, akiwa barazani na uzi wa kufungia umemzunguka vidole, kivuli kirefu kikaanguka kwenye kazi yake.

Almeda alikuwa ameuokota ule mfagio wake, uliokuwa umeegemea palepale alipouacha.

"Huu unapukutika," alisema.

Elbert hakuinua macho, aliogopa. "Hauwezi kupukutika. Haujafagia wiki nne."

"Mtama umekwisha vunwa?"

"Umekwisha tangu Jumatatu."

"Mimi nimengoja tangu Jumatatu uje kuniambia." Akaketi kwenye kiti cha pili, ambacho hakikuwahi kukaliwa na mtu. "Nitafagia nao jukwaa asubuhi. Jioni utafagia wewe. Nimechoka kufagia mara mbili."

Na hilo ndilo lilikuwa jibu. Walioana Septemba. Penseli za Harve zilibaki kwenye droo ya dirisha la tiketi, na Elbert hakuwahi kuchomeka penseli sikioni, hata akipima mpini wa mfagio.

Sinema yenyewe iliendelea huko duniani. Hatukuweza kuizuia, nakala zake zilikuwa nyingi kuliko sisi. Mpaka leo zinakuja barua, na watu wanashuka treni wakipiga picha mbao za stesheni. Mwaka jana alishuka bwana mmoja wa Chicago, kofia ya majani, akakaa kwenye benchi, miguu ameinyoosha mbele.

"Mama, ni hapa Jinamizi la Reli alipoua stesheni masta?"

"Hapana," alisema Almeda kutoka dirishani. "Jinamizi halikuua hata kuku. Stesheni masta aliitwa Harve Fitch, naye aliuawa na mtu mwingine."

"Basi huyo Jinamizi alizikwa wapi?"

"Hajazikwa. Yule pale, anafagia."

Bwana yule akageuka. Akaona mzee mwenye miwani na aproni, anakuja taratibu akifagia jukwaa kutoka mwisho wake, akisemezana na mbwa. Akacheka mpaka kofia ikamlala.

"Mama wee! Nimetoka mbali lakini mimi si mjinga."

Elbert alikuwa amefika kwenye benchi.

"Inua miguu, bwana," alisema.

Bwana akainua miguu, bado anacheka, na Elbert akafagia chini yake vizuri, pembe zote mbili, akaendelea mbele.